Somo: Mlio unaosimamisha wakati, tulivyoutengeneza

Swali la jinsi tulivyoutengeneza mlio ule nimeulizwa mara nyingi mno, kwa hiyo naliandika mara moja na kila atakayeuliza tena nitamleta hapa. Ule mlio wa kwenye simulizi yetu ya sauti, unaogandisha wakati Mikindani, haukuzaliwa kwenye kompyuta. Ni rimu ya lori.

Kwa ambao hamjaisikia: rimu iliyotundikwa kwenye mwembe wa shule inagongwa usiku, na kila unapofika mlio wake, wakati unasimama. Maji ya ghuba yanabaki yamejikunja, hayavunjiki. Hiyo ni hadithi tuliyoitunga sisi. Kazi yenyewe ni hii.

1. Tafuta rimu inayoning'inia bila kugusa kitu. Mwombe ruhusa mwalimu mkuu.

2. Rekodi alfajiri. Upepo wa kusi ukishaamka, umekwisha.

3. Gonga mara moja, halafu usikohoe wala usihamishe mguu mpaka mlio uishe wenyewe. Kwanza utasikia kishindo cha chuma, kisha mvumo unaopanda na kushuka, mwishoni unabaki kama nyuki ndani ya chupa. Huo mkia ndio mali. Sikio linajua muda unapita kwa sababu mlio unafifia. Ukiuchezea mkia, umeichezea saa ya msikilizaji.

4. Fungua Audacity (programu ya bure ya kuhariri sauti), punguza kasi iwe nusu. Chagua ile inayoteremsha na sauti, siyo inayorefusha muda peke yake. Urefu utakuwa mara mbili, sauti itashuka oktava moja, yaani mitetemo yake itabaki nusu.

5. Hapa ndipo nilipoharibu, someni taratibu. Mara ya kwanza nilipunguza kasi mara nane. Mvumo uliokuwa kwenye hertzi 400, yaani mitetemo 400 kwa sekunde, ukashuka hadi 50. Nyumbani, kwenye spika kubwa, kioo cha dirisha kilitetemeka na mimi nikaridhika. Tukarusha. Kesho yake watu wanauliza kwa nini faili limekatika katikati. Halikukatika. Spika ndogo ya simu haiwezi kuitoa sauti nene kiasi hicho, na wasikilizaji wetu wengi wanatumia simu. Kipande tulichokihangaikia kuliko vyote kikawa kimya kitupu.

Dawa yake ni tabaka tatu kwa pamoja: mlio halisi kwa mbali, wa nusu kasi, na wa robo kasi. Sikio likizipata zile sauti za juu zinazolingana, ile nene linaijaza lenyewe.

Tahadhari: sikiliza kwa simu ya kawaida kabla hujatoa kazi. Faili la asili usiliguse, fanyia kazi nakala. Na ukirekodi kwa sampuli 44,100 kwa sekunde, yaani sauti ikipimwa mara hizo kila sekunde, juu ya hertzi 22,050 hakuna kilichonaswa. Ukipunguza kasi mara nane, kikomo kinashuka hadi kama 2,750 na mlio unasikika kama umefunikwa godoro.

6. Kata kipande cha mkia pamoja na kishindo chake, kigeuze kichezwe kinyumenyume. Mlio utaanza kwa kuvimba na kukatika ghafla. Hapo ndipo wakati unaporudi.

7. Wakati unaposimama, ondoa sauti zote za wadudu na mawimbi kwa mpigo mmoja.

MASWALI

Kijana wa Shangani: Kaka, programu gani hiyo?
— Hatua ya 4.

Mzee wa Mitumba: Nitumie faili tu, mambo ya rimu marefu.
— Hapana. Tuliamka saa kumi usiku siku tatu kwa ajili ya mlio ule. Shule ya karibu nawe ina rimu yake, na sauti yake ni yake. Nenda kaigonge.

Binti Lindi: Shikamoo kaka. Sehemu ya pili, mvuvi wa ng'ambo anaganda nyuma ya wenzake. Ni makusudi au mlikosea kupanga?
— Marahaba dada, umesikiliza kwelikweli. Ni makusudi. Sauti hewani inakwenda kama mita 340 kwa sekunde, yaani kilomita moja inachukua karibu sekunde tatu. Kwetu wakati unasimama pale mlio unapofika, basi yule mvuvi ana sekunde chache za kuwaona wenzake wamesimama kama nguzo kabla hajafikiwa. Zile sekunde tuliziacha na pumzi yake tu. Majini sauti inakwenda kasi zaidi, kama mita 1,500 kwa sekunde, ndiyo maana mzamiaji wa pweza aliye chini anaganda kabla ya mwenzake aliye kwenye mtumbwi. Ukitaka mlio usikike wa mbali, punguza zile sauti nyembamba. Ndizo zinazopotea njiani kwanza.

Binti Lindi: Kumbe! Basi ni kama kuhesabu toka umeme umulike mpaka radi ilie.
— Hasa. Ukihesabu sita, ni kama kilomita mbili.

Kijana wa Shangani: Mbona yangu inakwaruza?
— Umesimama karibu mno au umerekodi kwa sauti ya juu mno. Rudi nyuma hatua tano, urekodi upya. Iliyokwaruza haitengenezeki.

Mama Ufuta: Upepo mimi naukinga kwa soksi ya sufu juu ya maiki. Na mvua naipata kwa korosho ghafi kwenye ungo, nazizungusha polepole.
— Hiyo ya ungo sijawahi kuijaribu, mama. Zilizotoka shambani au zilizokwisha anikwa?

Mama Ufuta: Zilizoanikwa siku tatu. Mbichi zinalia kama kokoto.