SOMO: Kusafisha matangi ya maji taka ya gari-nyumba

Kinachotoka chooni, sinki na bafuni kwenye gari-nyumba kinashukia kwenye matangi chini ya sakafu. Kwa kawaida yako mawili, la choo na la maji ya sabuni. Hili la pili halina makuu, kwa hiyo somo la leo ni la choo.

Shida nyingi nilizoziona zinaanzia kwenye ubahili wa maji. Mtu anaogopa tangi kujaa, basi kila akitoka haja anamimina maji kidogo kama anayeonja chai. Kinyesi kinatua palepale chini ya tundu, na baada ya siku chache kimekuwa kichuguu.

1. Valvu ya tangi la choo ikae imefungwa, hata ukiwa umeegesha mahali penye bomba la maji taka. Ukiiacha wazi, maji yanakimbia na mzigo unabaki.

2. Subiri tangi lifike theluthi mbili. Uzito wa maji ndio unaousukuma uchafu. Likiwa robo, uchafu unatoka ukijikongoja.

3. Vaa glavu. Unganisha mpira wa kumwagia maji taka, wa inchi 3, kisha uvute kidogo kuhakikisha umeshika. Fungua la choo kwanza. Likiisha, lifunge, ufungue la maji ya sabuni ili yausuuze mpira. Ukianza na la sabuni, utakunja mpira wenye kinyesi ndani.

4. Suuza. Jaza maji karibu nusu, mwaga, rudia. Nunua elbo (kiungo cha bomba kilichopinda) ya plastiki inayoonyesha ndani, maana bila hiyo unabahatisha. Mkupuo wa kwanza unapita wa kahawia, wa pili kama chai ya maziwa, halafu vinaanza kupita vipande vya tishu kimoja kimoja. Usiache mpaka maji yatakate. Mpira wa kusuuzia usiguse kabisa bomba la maji ya kunywa.

Kama tangi lako lina kinyunyizio cha ndani, valvu iwe wazi wakati kinafanya kazi. Mimi niliwahi kuifunga "liloweke kidogo", nikaenda kupokea simu. Niliporudi, maji yalikuwa yanachungulia kwenye bakuli la choo. Sijawahi kukimbilia koki vile.

5. Rudisha lita 15 hadi 20 za maji safi, au zaidi kama tangi ni kubwa, yafunike sakafu yote. Ukipenda weka dawa yenye vimeng'enya. Formaldehaidi na klorini achana nazo: zinaua bakteria wanaokusaidia kuozesha, na klorini inakula raba za valvu.

MASWALI

Swali: Mkuu, nimemwaga lote lakini taa ya kuonyesha kiwango cha tangi inasema theluthi mbili.
Jibu: Tishu zimeganda kwenye vihisi, vile vipimo vya kiwango vilivyo ubavuni mwa tangi. Jaza maji ya uvuguvugu na sabuni kidogo ya vyombo, acha usiku kucha, endesha gari, mwaga. Huenda ukarudia mara mbili tatu. Usichokonoe kwa waya.

Swali: Na ile ya kutumbukiza barafu ikwangue uchafu?
Jibu: Barafu inaelea ndugu yangu, kichuguu kiko chini. Nilijaribu nikaambulia maji baridi.

Swali: Nikivuta maji chooni harufu inanipiga usoni, hasa feni ya paa ikiwaka.
Jibu: Feni inafyonza hewa ya tangi kupitia tundu la choo. Izime kabla ya kuvuta. Harufu ikibaki, acha maji kidogo kwenye bakuli usiku. Asubuhi ukiyakuta yamepotea, raba ya bakuli imechoka. Angalia pia ule mpindo wa bomba chini ya sinki. Ukikauka unapitisha harufu, na dawa yake ni glasi moja ya maji.

Swali: Tishu za aina gani dada?
Jibu: Tumbukiza vipande viwili kwenye chupa ya maji, funga, tikisa. Zikisambaratika, tumia. Zikibaki kama leso, hapana. Zile zenye unyevu za kupangusia watoto usizitupe humo, hata pakiti ikisema zinafaa.

Swali: Valvu yangu inavutika kwa shida.
Jibu: Paka grisi ya silikoni kwenye fimbo yake, vuta na kurudisha mara kadhaa tangi likiwa tupu. Grisi ya gari hapana, inavimbisha raba. Ikiendelea kugoma au kuvuja, badilisha raba zote mbili kwa pamoja, kwa sababu kazi ya kufungua ni ileile.