Kikonyo cha mchungwa: usikate kwenye mche wa miiba

Mzee mmoja wa Muheza alinipeleka kwenye michungwa yake miwili, yote aliibebesha mwaka mmoja kwenye mashina ya mlimao, yaani alipachika kijiti cha mchungwa (kikonyo) kwenye kila shina. Mmoja ulikuwa na machungwa yaliyoiva yakiwa bado ya kijani (joto la kwetu haliachi ganda lipate rangi, onja, usitazame tu). Wa pili ulikuwa na miiba mirefu kama sindano ya kushonea magunia, hata ua hauna.

"Bwana shamba, hapa si nilichanganyiwa?"

Nikamuuliza vikonyo alivitoa wapi. Cha kwanza alikata kwenye mti wake wa zamani unaozaa. Cha pili, kwenye mche aliouotesha kwa mbegu ya mti huohuo.

Hakuchanganyiwa. Mbegu nyingi za chungwa huota kutokana na seli za mti mama peke yake, bila kuchanganya jeni za chavua, kwa hiyo jeni za miti hiyo huenda ni zilezile. Kinachotofautiana ni zipi zinafanya kazi. Mmea mchanga umejaa vipande vidogo vya RNA (molekuli za ndani ya seli zinazonakiliwa kutoka kwenye jeni), wataalamu wanaviita miR156, vinavyozuia jeni za kuupeleka mmea kwenye utu uzima. Umri ukienda, vipande hivyo hupungua na breki huachia. Mchungwa wa mbegu unaweza kukuweka miaka 8. Kikonyo cha mti mzima hakirudi utotoni hata ukikipachika kwenye shina changa: miaka 3 au 4 unachuma.

Basi kata kwenye mti ambao umeuona ukizaa vizuri misimu kadhaa, usio na majani ya manjano wala matunda yaliyopinda, maana ugonjwa nao husafiri na kikonyo. Chagua kijiti cha mviringo, unene wa penseli, kisicho na miiba. Yale machipukizi manono yanayopanda wima katikati ya mti yaache, ingawa yanavutia macho. Ondoa majani, acha vishikio vyake vifupi, funga kijiti kwenye gazeti bichi, bebesha siku hiyohiyo, sentimita 20 hadi 30 kutoka ardhini.

Mche ukishashika, kagua chini ya kiungo kila wiki. Chipukizi ukilitilia shaka, ponda jani lake unuse. Likinukia limao, linatoka kwenye shina la mlimao, ling'oe.