Jinsi ya kuandaa hoja za mwisho za kesi kwa mbinu za wasanii, hatua kwa hatua

Nimeandika mwongozo huu baada ya kukaa na wakili mchanga mmoja aliyekuwa anaandaa hoja zake za mwisho, yaani yale maneno ya kufungia kesi ambayo wakili anamwambia jaji baada ya ushahidi wote kutolewa. Sheria alikuwa nayo yote mkononi, vifungu vimepangwa, kesi za rejea (zile zilizoamuliwa zamani ambazo mahakama inaziangalia) zipo, lakini ukimsikiliza mpaka mwisho humwoni mteja, huoni chumba, huoni karatasi iliyosainiwa. Na sio yeye peke yake. Chuoni tunafundishwa kujenga hoja, kumfanya jaji aone kilichotokea hatufundishwi, wakati mchoraji au mwandishi wa tamthilia anaanzia hapo hapo. Uwakili una upande wa sanaa na upande huo unajifunzika kabisa.

Mfano nitakaotumia ni wa kutunga: mama mmoja alisaini hati ya dhamana ili mwanawe apate mkopo, nyumba ya mama ndo ikawekwa dhamana, mwana akashindwa kulipa, sasa mkopeshaji anataka kuiuza. Sisi tuko upande wa mama.

Hatua ya 1: Soma mwenendo wa kesi wote

Yaani kumbukumbu iliyoandikwa ya yote yaliyosemwa mahakamani. Wote, pamoja na vielelezo (hati na vitu vilivyotolewa kama ushahidi), penseli mkononi. Usianze na muhtasari alioandaa mtu mwingine.

Hatua ya 2: Mchore shahidi kwa kumbukumbu

Uingereza kuna sheria ya mwaka 1925 inayokataza kuchora watu ndani ya mahakama, kwa hiyo wale wachoraji ambao picha zao za kesi unaziona kwenye habari wanakaa, wanaangalia, halafu wanatoka nje kuchora kwa kumbukumbu. Fanya hivyo hivyo. Shahidi akishamaliza, kabla hujafungua noti zako, andika mambo matatu yaliyokubaki kichwani. Afisa wa mkopo alipoulizwa kama mama alisomewa hati, alijibu moja kwa moja au alianza kueleza utaratibu wa ofisi? Kilichokubaki wewe bila noti, kuna uwezekano mkubwa kimembaki na jaji pia.

Angalizo tu, mtu mwoga anatazama chini hata akisema kweli, kwa hiyo usijenge hoja juu ya sura ya shahidi. Kumbukumbu ikupeleke kwenye ukurasa ambako jibu limeandikwa, halafu unukuu jibu.

Hatua ya 3: Tenganisha mlolongo wa matukio na simulizi

Hapa ndo pamenila masaa mengi kuliko sehemu nyingine yoyote ya kazi hii, na hapa ndo naona wengi wanakwama, kwa hiyo nitaenda taratibu.

Kuna vitu viwili watu wanavichanganya. Mlolongo ni kila kilichotokea, kwa tarehe. Simulizi ni mpangilio unaouchagua wewe wa kumweleza jaji. Cha pili hukipati bila cha kwanza.

Kwa mlolongo mi natumia vikadi vya karatasi ngumu, tukio moja kadi moja, tarehe juu, chini jina la shahidi na ukurasa au namba ya kielelezo. Usitumie kompyuta kwenye hatua hii. Najua kuna programu nzuri na zinapendeza, lakini kwenye skrini unaona kipande kipande, mezani unaona kesi nzima na pengo kati ya kadi mbili linaonekana kwa macho. Kadi isiyo na ukurasa chini yake itoe mezani, hata kama unaamini ni kweli, hata kama mteja amekuapia. Hapa ndo sanaa yetu inapoachana na ya mwandishi wa riwaya, maana yeye akikuta pengo analijaza, wewe ukikuta pengo una njia mbili tu: uliache wazi, au umwombe jaji waziwazi afikie hitimisho fulani kutokana na kadi iliyo kushoto na iliyo kulia. Wakili kwenye hoja za mwisho hatoi ushahidi, akijisahau akaanza kuutoa upande wa pili utasimama na utakuwa sahihi.

Sasa simulizi, na swali kubwa ni unaanzia wapi. Ukianza na siku ya kusaini, mama ni mtu mzima aliyeweka sahihi kwenye karatasi, na kila kinachofuata ni yeye kujieleza kwa nini alisaini. Ukianza siku chache nyuma, pale afisa alipoandika ndani ya faili kwamba mdhamini, yaani mama, bado hajapata ushauri wa wakili, basi simulizi inamhusu mkopeshaji aliyejua na bado akaendelea, mama anaingia baadaye kwenye chumba ambacho jaji tayari ameona kuna jambo haliko sawa. Kadi ni zile zile, hakuna uliyoongeza wala kuficha. Mchoraji akisogeza kiti chake hatua chache, meza ile ile inampa picha nyingine.

Jaribu mianzo kadhaa. Panga kadi, simulia kwa sauti mbele ya mtu asiyejua kesi, halafu nyamaza usikie swali lake la kwanza. Akiuliza "sasa mbona alisaini?" umeanzia pabaya. Akiuliza "sasa mbona walimwachia asaini?" umefika, maana hilo ndo swali unalotaka mahakama ilijibu.

Halafu kuna kadi mbaya. Tuseme mama aliwahi kusaini dhamana nyingine miaka ya nyuma. Usiiache mezani ukitumaini imesahaulika, itafunguliwa na upande wa pili na itaonekana uliificha. Itaje mwenyewe, kwa maneno yako, katikati ya simulizi, na ikae jirani na kadi inayoielezea, kama vile ushahidi kwamba ile ya kwanza alisomewa kifungu kwa kifungu na hii hakusomewa. Kesi ya rejea inayokupinga nayo ni hivyo hivyo, kuitaja ni wajibu wako kwa mahakama, sio hisani.

Jambo jingine, usiruke mbele na nyuma kwenye muda. Kwenye filamu inapendeza, lakini jaji anaandika huku anakusikiliza, ukimvusha tarehe mara tatu anabaki anatafuta tarehe. Kurudi nyuma mara moja, tena umtangazie, kunatosha.

Na kama ni jinai na wewe ni wa utetezi, karibu yote niliyosema kuhusu simulizi yanageuka. Mzigo wa kuthibitisha sio wako, ukianza kusimulia kilichotokea kweli unajitwisha kazi ya upande wa mashtaka na kila pengo la simulizi yako linahesabiwa dhidi ya mteja. Hapo chukua kadi zao, zipange jinsi wanavyotaka zisomeke, kisha mwoneshe jaji kadi inayokosekana. Simulizi yako kamili iweke pale tu ambapo utetezi wenyewe umeleta mashahidi wa kuibeba.

Hatua ya 4: Tafuta kibwagizo

Mtunzi wa shairi anajua mstari anaourudia mwisho wa kila ubeti, na kila ubeti unaupa mstari ule sababu mpya ya kurudi. Kesi nayo inataka sentensi moja ya namna hiyo. Ya mama inaweza kuwa: "Walijua haelewi, wakamkabidhi kalamu." Iwe fupi, isiwe na neno la kisheria hata moja, na iwe kitu ambacho ushahidi wako unakibeba chote, sio nusu. Kama hakuna ushahidi kwamba walijua, sentensi hiyo huna, tafuta nyingine. Isemwe mwanzo, isemwe mwisho, na katikati pale tu hoja nzito inapofungwa.

Hatua ya 5: Chagua kielelezo kimoja

Kesi ninayoipenda sana kwa hili ni ya mchongaji Constantin Brancusi dhidi ya Marekani. Mwaka 1926 sanamu yake ya shaba ya ndege, ndefu, laini, haina mabawa wala manyoya, ilifika New York na watu wa forodha wakakataa kwamba ni sanaa, wakaitoza ushuru wa asilimia 40 kama bidhaa ya chuma wakati kazi ya sanaa ilikuwa inaingia bila ushuru. Tatizo la mawakili wa Brancusi lilikuwa kesi ya rejea ya 1916 iliyotaka sanamu iige vitu vya asili. Sanamu yenyewe iliwekwa mbele ya majaji, mmoja wao akamuuliza mpiga picha Edward Steichen, ambaye ndo aliinunua, kama angeiona msituni angeipiga risasi, akajibu hapana. Jibu hilo lingeweza kuumiza. Lakini mchongaji Jacob Epstein aliposimama kutoa ushahidi alikuja na sanamu ya kale ya mwewe kutoka Misri, na mtu yeyote aliyekuwepo aliweza kuona kwamba watu wamekuwa wakichonga ndege bila kuiga kila unyoya tangu zamani. Novemba 1928 mahakama ikakubali kwamba kuna mkondo mpya wa sanaa unaojaribu kuonesha wazo badala ya kuiga kitu, na Brancusi akashinda.

Kwa hiyo tafuta mwewe wako. Kwa mama yetu ni hati yenyewe, ukurasa ambao kifungu cha nyumba kimeandikwa kwa herufi ndogo kuliko vingine vyote, tena kwa lugha asiyoisoma. Ishike mkononi, mpe jaji muda auangalie ukurasa, wewe ukiwa kimya. Slaidi mi sizipendi kabisa kwenye hoja za mwisho, macho ya jaji yanakwenda ukutani wakati unayataka kwenye karatasi.

Hatua ya 6: Kata vivumishi

"Kikatili", "cha kusikitisha", "cha aibu", vyote toa. Baki na saa, chumba, nani alikuwepo, nani alisema nini.

Hatua ya 7: Sema kwa sauti, jirekodi

Inasimuliwa kwamba Demosthenes, msemaji maarufu wa Ugiriki ya kale, alipoulizwa kitu gani ni cha kwanza katika ufasaha alijibu ni namna ya kutamka, la pili akajibu hivyo hivyo, la tatu vilevile. Rekoda ya simu inatosha. Usikariri maneno, kariri mpangilio wa kadi, maana ukikariri maneno ukipoteza moja unapoteza yote. Sehemu unayoishiwa pumzi ndo sentensi ya kuikata vipande viwili.

Hatua ya 8: Jiandae kukatizwa

Jaji atakukatiza, na ni jambo jema, anakuonesha anawaza nini. Simama, jibu swali lake hapo hapo, usiseme utalifikia baadaye. Ukishajibu usirudi ulipoachia kwa nguvu, angalia kadi gani iko karibu zaidi na swali alilouliza, endelea kutoka hapo, hata kama utaruka mbili. Zile ulizoruka zimo kwenye hoja zako za maandishi.