Kuiandaa nyumba ya mawe ya Lamu kwa filamu ya karne ya 19

Mbunifu wa mandhari ya filamu huanza na mswada, si na samani. Usome kwanza kama msomaji wa kawaida, kisha uurudie ukiorodhesha kila onyesho: linatokea wapi, mchana au usiku, na ni vitu gani vitakavyoshikwa na waigizaji. Orodha hiyo ndiyo itakayozaa michoro, bajeti na mazungumzo yako na mwongozaji.

Nyumba za Mji wa Kale wa Lamu, ulioingizwa katika Urithi wa Dunia mwaka 2001, zimejengwa kwa matumbawe na chokaa, na dari zake hubebwa na boriti za mikoko. Kwa kuwa boriti hizo haziwezi kuvuka nafasi pana, vyumba huwa virefu na vyembamba. Basi pima chumba, uchore ramani yake, na umwombe mpiga picha aonyeshe humo mahali pa kamera na taa, kabla hujachagua kitanda cha samadari, yaani cha mbao chenye nakshi, au kiti cha enzi, kile kiti kikubwa cha heshima cha Waswahili.

Ukutani ndipo panapotaka uangalifu zaidi. Usipigilie msumari, wala usipake rangi ya plastiki juu ya chokaa, kwa sababu ukuta wa matumbawe hupitisha unyevu, na ukizibwa, maji hubaki ndani na lipu hubanduka. Ukitaka ukuta uliochakaa, unda fremu za mbao zinazosimama zenyewe, uziwambe kitambaa, na rangi uipake hapo.

Zidaka, yaani vishubaka vilivyojengwa ndani ya kuta, ndizo ninazozipenda kuliko kitu chochote katika nyumba hizi, kwani zinaweza kusimulia hadithi kabla mwigizaji hajafungua kinywa. Kama jamaa wa hadithi yako wanafilisika, panga sahani za kaure katika maonyesho ya mwanzo, kisha uzipunguze kidogo kidogo, ukiacha duara safi penye vumbi mahali sahani ilipokuwa. Mtazamaji ataelewa bila kuambiwa.

Nyaya na mita za umeme zifiche kwa mikeka au kwa samani, na vitambaa vipya uvichovye katika chai ya rangi ili vipoteze weupe wa dukani. Mizigo inayopitia Mokowe, bandari ndogo ya bara inayokabili kisiwa cha Lamu, huvushwa kwa mashua na kumalizia safari kwa punda, kwa hiyo samani kubwa ziwe za kufunguka vipande.

Kabla ya kusogeza chochote, piga picha kila pembe ya nyumba. Picha hizo ndizo utakazofuata siku ya kumrudishia mwenyewe nyumba yake.