Mambo ya kuzingatia kabla ya kuomba kuondoa kesi uliyoifungua dhidi ya benki

Mkopaji aliyekwenda mahakamani ili benki isiuze mali aliyoiweka rehani hufika mahali akataka kesi iishe. Pengine benki imekubali kupanga upya marejesho, pengine wakili amemweleza kwamba hati ya madai ina kasoro, pengine fedha za kuendeshea kesi zimekwisha. Wengi huamini kwamba aliyefungua kesi anaweza kuifunga siku yoyote anayotaka. Imani hiyo ina ukweli nusu, na nusu iliyobaki imewagharimu watu mali zao. Ni kweli kwamba kwa kawaida mahakama haina hamu ya kumlazimisha mtu aendeshe kesi asiyoitaka tena, lakini hiari yake imo katika masharti ya kutoka: nani alipe gharama, na je, anayetoka ataruhusiwa kurudi. Maandalizi yote yaelekezwe huko.

Kwanza uangalie kesi imefika hatua gani. Nchini Kenya, Amri ya 25 ya Kanuni za Mwenendo wa Madai za mwaka 2010 inamruhusu mdai kuondoa kesi kwa notisi ya maandishi iwapo bado haijapangiwa tarehe ya kusikilizwa. Ikishapangwa, inahitajika ridhaa iliyosainiwa na pande zote, au ruhusa ya mahakama, nayo huitoa kwa masharti inayoyaona kuwa ya haki. Uingereza kwa kawaida notisi inatosha, isipokuwa, kwa mfano, pale ambapo mahakama ilishatoa zuio la muda, yaani amri ya kusimamisha jambo wakati kesi ikiendelea, ambapo ruhusa ni lazima. Naona sababu yake ni nzito: aliyepewa zuio amemfunga mwenzake mikono kwa amri ya mahakama, na mara nyingi aliahidi kufidia hasara itakayotokana na zuio hilo, kwa hiyo si haki aondoke kimya kimya kabla ahadi hiyo haijazungumzwa.

Jambo linalostahili muda wako mwingi kuliko yote ni kama utaweza kurudi. Tanzania inafuata Amri ya XXIII ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, ambayo chimbuko lake ni sheria ya India ya mwaka 1908. Chini ya amri hiyo, anayesimama na kusema tu “naomba kuondoa shauri hili” huondoka huku mlango ukifungwa nyuma yake: atawajibika kwa gharama na hataruhusiwa kufungua shauri jipya juu ya jambo hilohilo. Anayesema “naomba kuondoa shauri hili nikiwa na ruhusa ya kulifungua upya” ameomba jambo tofauti kabisa, na sharti aliridhishe jopo au hakimu kwamba shauri litaanguka kwa sababu ya kasoro ya kiutaratibu, au kwamba zipo sababu nyingine za kutosha. Kukosea muundo wa hati au kufungua bila notisi inayotakiwa na sheria kunaweza kuingia humo. Ushahidi uliogeuka kuwa dhaifu baada ya mashahidi kuhojiwa ni vigumu sana kuingia, kwa kuwa mahakama itauona kama njia ya kujaribu bahati mara ya pili. Amua mapema, ukiwa na wakili wako, utafanya nini iwapo hakimu hatakubali kukupa ruhusa ya kurudi: je, bado unataka kuondoa, au utaendelea? Swali hilo likikukuta umesimama mbele yake bila jibu, utajibu kwa woga.

Wanaopinga hatua za benki kwa njia ya maombi ya kikatiba au ya mapitio (ya kuitaka mahakama ipitie uhalali wa uamuzi) wasidhani wako salama kwa sababu tu shauri lao si la madai ya kawaida. Mwaka 1986, katika shauri la Sarguja Transport Service, Mahakama ya Juu ya India, iliyo juu ya Mahakama Kuu zote za nchi hiyo, ilisema kwamba aliyeondoa ombi la namna hiyo bila ruhusa ya kurudi hawezi kuleta jingine katika Mahakama Kuu kwa sababu ileile, na lengo lilikuwa kuwazuia watu kutafuta jaji atakayewapendeza.

Hata ruhusa ikipatikana, saa ya ukomo wa muda, yaani kipindi ambacho sheria inaruhusu kufungua madai, haikusimama. Amri ya XXIII inasema wazi kwamba shauri jipya litahesabiwa muda kana kwamba la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Madai ya mkataba nchini Tanzania na Kenya yana ukomo wa miaka 6, kwa hiyo kesi iliyokaa mahakamani miaka 4 imeshakula sehemu kubwa ya nafasi yako.

Zuio la muda nalo hufa pamoja na kesi iliyolizaa. Benki iliyokamilisha notisi zake inaweza kurudi kwa dalali mara moja, huku riba ikiwa imeendelea kuongezeka wakati wote wa kesi. Kama benki ilileta madai kinzani, yaani madai yake dhidi yako ndani ya kesi hiyohiyo, hayo hayaondoki kwa sababu wewe umeondoka. Yatasikilizwa, na unaweza kuhukumiwa kulipa deni katika kesi uliyodhani umeimaliza. Ikiwa mdhamini au mwenza wako ni mdai pamoja nawe, pata ridhaa yake kwanza, maana Tanzania mdai mmoja kati ya wengi haruhusiwi kuondoa shauri bila wenzake kukubali.

Kwa anayeondoa kesi kwa sababu ya maelewano, nasisitiza asome barua ya benki mstari kwa mstari. Barua inayosema benki “iko tayari kufikiria” kupanga upya mkopo baada ya kesi kuondolewa haijaahidi chochote, na maneno “bila kuathiri haki za benki” chini yake yanamaanisha mnada bado upo mezani. Kama maelewano ni ya kweli, yaandikwe kwenye hati yenye kiasi, tarehe za marejesho na hatima ya rehani, isainiwe na pande zote, kisha iombwe isajiliwe kuwa hukumu ya maridhiano. Hapo benki ikikiuka, unakazia hukumu, yaani unaiomba mahakama iitekeleze. Kesi ikiwa imeondolewa tu, unabaki na barua.

Gharama zizungumzwe kabla ya siku ya maombi, na kama benki imekubali kuzisamehe, hilo nalo liandikwe. Kenya, shauri jipya juu ya jambo lilelile linaweza kusimamishwa hadi gharama za lile la kwanza zilipwe. Katika kiapo cha kuunga mkono maombi, eleza sababu halisi na ueleze pia jinsi benki haitaumizwa na kuondoka kwako, kwa kuwa mahakama hupima pande zote mbili.

Amri ikishatolewa, chukua nakala yake iliyosainiwa na uisome ukiwa bado na wakili wako. Hakikisha ruhusa ya kufungua upya, kama ilitolewa, imeandikwa humo pamoja na muda wake na masharti yake. Neno lililotamkwa mahakamani lakini halimo kwenye amri liombewe marekebisho wiki hiyohiyo, kabla jalada halijapelekwa masijala.