Yorkshire pudding inayoumuka: siri iko kwenye mafuta

Yorkshire pudding, kile kiokwa cha rojo la unga, mayai na maziwa kinachoumuka na kuwa na shimo katikati, wala sio ngumu jamani, kinachowaangusha wengi ni moto, mafuta hayajachemka sawasawa wanamimina rojo halafu lawama zinaenda kwa mayai. Naongelea ile ya Yorkshire yenyewe, kaskazini mwa Uingereza, wanayokula Jumapili na nyama ya ng'ombe ya kuoka, viazi vya oveni na mchuzi mzito wa nyama. Haina sukari, haina hamira, haina beking pauda.

Chukua mayai 4, unga wa ngano wa kawaida gramu 140, maziwa mililita 200 na chumvi nusu kijiko cha chai, zinatoka kama 12 kwenye trei ya kapukeki. Huna mizani? Vunja mayai kwenye kikombe uone yamefika wapi, kisha pima unga ufike hapo hapo na maziwa yafike hapo hapo, inakubali vizuri tu.

Unga na chumvi kwenye bakuli, tia mayai, piga mpaka mabonge yaishe ndio uanze kuongeza maziwa kidogo kidogo. Ukiyamwaga yote mwanzoni utakimbizana na mabonge mpaka uchoke. Rojo liwe jepesi kama la chapati za maji. Liache litulie nusu saa au zaidi, hata ukilichanganya jana yake ukaliweka kwenye friji ni sawa, halafu litie kwenye jagi maana kumimina kunatakiwa kuwe kwa haraka.

Sasa mafuta. Mazuri kuliko yote ni yale yaliyochuruzika kutoka kwenye nyama yenyewe, unayachota kwenye trei ya nyama, yana ladha ambayo chupa ya dukani haikupi, yakikosekana tumia ya alizeti. Siagi hapana, inaungua kabla oveni haijafika kwenye moto tunaoutaka. Weka kijiko kimoja cha chai kila shimo, ingiza trei ya kapukeki kwenye oveni ya digrii 220 mpaka 230 na uiache dakika 10 hadi 15, usiyatoe mpaka uone yanaanza kufuka moshi mwembamba. Trei iwe ya chuma na kavu kabisa, tone la maji humo litakurukia.

Toa trei, funga mlango wa oveni joto lisitoroke, mimina haraka nusu ya kila shimo. Hapo sikiliza, lazima lichachatike, na utaona pembeni rojo linaanza kuganda na kupanda ukutani hapo hapo wakati katikati bado ni maji. Kama limeingia kimya mafuta yamepoa, usiendelee, rudisha trei ipate moto. Hakuna kingine cha kuziinua ila mvuke, maji ya kwenye maziwa na mayai yanageuka mvuke ghafla na kusukuma juu, mayai na unga vinakauka kuuzunguka na katikati panabaki shimo.

Ndio maana ukishafunga oveni usifungue, dakika 20 hadi 25, chungulia kwa kioo tu. Ukifungua mapema zinanywea na hazirudi. Ziache mpaka ziwe za kahawia iliyokolea, zile za njano njano bado hazijakauka, zitalala tu zikifika mezani.

Kwa upande wa muda usihangaike, nyama ikitoka inahitaji kupumzika karibu nusu saa kabla ya kukatwa, wewe hapo ndio unapandisha moto na kuoka pudingi, kila kitu kinafika mezani pamoja.

Zamani nyama ilikuwa inazungushwa mbele ya moto na trei ya rojo inawekwa chini idake mafuta, Hannah Glasse aliiandika hivyo kwenye kitabu chake cha mapishi cha 1747. Na watu wa Yorkshire walikuwa wanaila kwanza, yenyewe na mchuzi, watu washibe kidogo kabla ya nyama maana nyama ilikuwa ghali. Jaribu kuila hivyo, mchuzi wa moto ujae kwenye lile shimo, mi naona hapo ndio utamu wake wote ulipo.

Zikibaki, zigandishe, siku ukizitaka zirudishe kwenye oveni yenye moto dakika 5 zinakauka tena. Maikrowevu inazifanya ziwe kama mpira, achana nayo.