Hanoi hadi Chùa Hương kwa siku moja, kupitia kijiji cha udi: mambo ya kuzingatia kabla

Ukimwambia mkazi wa Hanoi kuwa unataka kwenda Chùa Hương, huenda swali lake la kwanza likawa: mwezi wa ngapi? Na hamaanishi Januari wala Februari. Anamaanisha mwezi wa angani, na jibu lako ndilo litakaloamua kama utakuwa mtoni na utulivu wako, au utasukumana ngazini na maelfu ya mahujaji waliobeba sinia za matunda na maua.

Chùa Hương ni mkusanyiko wa mahekalu ya Kibudha yaliyotapakaa kwenye milima ya mawe ya chokaa ya Hương Sơn, kama kilomita 60 kusini-magharibi ya katikati ya Hanoi. Hufikiwa kwa mtumbwi, na mwisho wa safari ni pango la Hương Tích. Msimu wa hija hufunguliwa siku ya sita ya mwezi wa kwanza, na hauishi mpaka mwezi wa tatu uishe. Sisi tuliozoea kusubiri mwandamo tunaelewa haraka, ila ipo tofauti: Wavietnam huongeza mwezi wa kumi na tatu kila baada ya miaka miwili au mitatu, hivyo mwaka mpya wao, Tết, hauzunguki majira yote kama Ramadhani. Hauvuki mwisho wa Januari na wiki tatu za mwanzo za Februari. Mwaka 2026 Tết ni tarehe 17 Februari, kwa maana hiyo msimu unafunguliwa tarehe 22 na kwenda hadi katikati ya Mei.

Sasa weka pembeni hekalu, utazame kijiji. Quảng Phú Cầu iko kama kilomita 35 kutoka mjini, upande huohuo wa kusini, na kwa zaidi ya miaka mia moja kazi ya watu wake ni vijiti vya udi. Mianzi hupasuliwa na kuchongwa kuwa njiti nyembamba, hutiwa rangi nyekundu, kisha huanikwa uani kwa mafungu yaliyotanuliwa kama maua. Ndizo zile picha nyekundu ulizokwisha kuziona kwenye simu yako. Shughuli hupamba moto miezi ya mwisho kabla ya Tết, kwa sababu nchi nzima itachoma udi sikukuu ikifika. Hekalu nalo hujaa baada ya Tết. Kijiji kinapika, hekalu linakula, na huwezi kukuta vyote viwili vimepamba moto siku moja.

Kwa hiyo chagua. Ukitaka umati, ngoma na moshi, nenda Februari au Machi, lakini ujue hiyo ni miezi ya manyunyu yasiyokatika, na njiti haziwezi kuanikwa kwenye manyunyu. Mimi mara ya kwanza nilikwenda Machi. Nikakuta ua mtupu, sakafu ya saruji imelowa, na kuku wawili. Njiti zote zilikuwa zimerundikwa ndani chini ya turubai. Kama huendi kwa ibada, ushauri wangu ni Novemba hadi mapema Januari: jua lipo bila ukali, kijiji kimechachamaa, na mtoni hakuna foleni. Novemba una bahati ya ziada, kwani mayungiyungi mekundu huwa bado yamechanua kando ya maji. Juni hadi Agosti joto hupita nyuzi 35 na unyevu wake ni wa kukaba koo. Mtu wa Dar au Mombasa atavumilia, ila ngazi hatazipenda. Na epuka siku ya kwanza na ya kumi na tano ya mwezi wao hata nje ya msimu, maana ndizo siku watu wanaporundikana mahekaluni.

Viza isikupe kiwewe. Tangu tarehe 15 Agosti 2023 Vietnam inatoa viza ya mtandaoni kwa raia wa nchi zote, hadi siku 90, dola 25 kwa kuingia mara moja na dola 50 kwa kuingia mara nyingi. Omba kwenye tovuti ya serikali yenyewe, kwani zipo tovuti za madalali zinazofanana nayo na zinatoza mara mbili.

Kwenye ramani utaona sehemu zote hizi zimeandikwa Hanoi, kwa sababu mkoa wa Hà Tây uliunganishwa na mji mwaka 2008. Usidhani ni mwendo wa teksi wa dakika kumi. Kutoka mjini hadi gatini ni kama saa moja na nusu, zaidi kukiwa na foleni. Kukodi gari na dereva kwa siku nzima ndiyo njia ya raha kuliko zote mkiwa watatu au wanne, na mkubaliane kabla kwamba mnasimama kijijini. Safari za kundi ni rahisi zaidi kwa mtu mmoja, lakini uliza kinachomo kwenye bei: kiingilio, mtumbwi, gari la waya, chakula. Si mara zote vyote vinne vimo.

Ondoka saa kumi na mbili na nusu asubuhi, uanze na kijiji. Wengine hupanga hekalu kwanza, kijiji wakati wa kurudi, nami naona wanakosea: asubuhi ndipo mafungu yanapotandazwa. Mama mmoja huchukua fungu la njiti mamia kwa mikono miwili, akaligonga chini ili likae sawa, kisha akalizungusha kwa kiganja mara moja tu, nalo likafunguka duara na kusimama lenyewe. Jaribu, utaona linavyokumwagikia miguuni. Nyua nyingine zimepangwa makusudi kwa ajili ya wapiga picha, hata ramani ya Vietnam yenye nyota ya njano utaikuta, na hizo zina kiingilio. Sina ugomvi nazo. Ila ukivuka barabara, ukaingia kwenye kichochoro ambako watu wanafanya kazi kweli, omba ruhusa kabla ya kuinua simu, na usikanyage njiti zilizoanikwa hata kama picha ingependeza zaidi.

Kuhusu kuomba ruhusa: Wavietnam huitana kwa majina ya undugu kama sisi. Mwanamke wa makamo ni *cô*, ambalo maana yake halisi ni shangazi upande wa baba. Mtu mzima zaidi ya wazazi wako ni *bác*. Ukianza na *chào cô* huku umeinamisha kichwa kidogo, mambo hulainika.

Pesa. Beba dong taslimu, noti ndogondogo, na uzipange ukiwa bado hotelini. Noti ya 20,000 na ya 500,000 zote ni za buluu, zote za plastiki, na kwenye mwanga hafifu huwezi kuzitofautisha. Nililipa chupa ya maji kwa laki tano nikidhani ni elfu ishirini. Yule mama muuza maji alinikimbilia hadi kwenye gari akiipunga hewani. Si kila siku utakutana na mama kama yule. Weka laki tano mfuko wake peke yake.

Gatini, Bến Đục, utapanda mtumbwi wa bati usio na paa. Mpiga makasia mara nyingi ni mwanamke, na mkondo wa Yến huchukua karibu saa nzima kuumaliza kwa kasia, kwenda tu. Kiti ni ubao au kigoda kifupi, hakuna msaada wa mgongo, na jua au mvua vyote ni vyako. Hapa ndipo khanga inapofanya kazi tatu: kukalia, kujifunika kichwa, na baadaye kufunika mabega hekaluni. Koti la mvua la nailoni pia, na mfuko wa plastiki wa simu. Maliza haja zako kabla ya kupanda. Bakshishi kwa mpiga makasia si sharti, lakini imekuwa desturi na huenda akaikumbusha mwenyewe. Tenga noti yake tangu mwanzo, umpe mwisho wa safari ya kurudi, si katikati.

Mtumbwi husimama kwanza kwenye hekalu la Đền Trình, na wageni wengi hulalamika kwamba wanacheleweshwa. Hawajaelewa. Hapo ndipo mahujaji wanapojitambulisha kwa mungu mlinzi wa mlima kabla ya kuendelea. Ni kupiga hodi. Nani aliyelelewa vizuri anayeingia ndani bila hodi?

Kutoka hekalu la Thiên Trù, karibu na mtumbwi unapokushusha, kwenda pangoni kuna njia mbili: ngazi za mawe, saa moja au zaidi kwa mtu wa kawaida, au gari la waya lililoanza mwaka 2006, aina ileile tuliyobishania sana Tanzania kwa ajili ya Mlima Kilimanjaro. Ukiwa na mzee, au magoti yenye historia, panda gari la waya kwenda na kurudi. Ukiwa mzima, panda nalo na ushuke kwa miguu kama mawe ni makavu. Yakiwa yamelowa yanateleza kama sabuni, na kandambili hazifai hata kidogo. Vaa raba zenye meno. Hata hivyo gari la waya halikumalizii kila kitu, kwani mdomoni mwa pango kuna ngazi nyingine za kushuka, mia moja na ushee, na ulizoshuka utazipanda.

Juu ya mlango wa pango kuna maandishi yaliyochongwa mwaka 1770, mkono wa Trịnh Sâm, mtawala wa Vietnam ya kaskazini enzi hizo, yanayoliita pango la kwanza chini ya mbingu ya Kusini. Ndani, mawe yanayoning'inia na yaliyoota kutoka chini yana majina yake: lundo la mchele, mlima wa fedha, mlima wa binti na mlima wa kijana. Kwenye hayo mawili ya mwisho wanaotafuta watoto husimama kwa muda mrefu, wengine wakikinga kwa viganja maji yanayodondoka. Wapishe. Usiombe wasogee ili upige selfi.

Mavazi ni ya kufunika mabega na magoti, viatu huvuliwa palipo na viatu vya wengine, na mlango wa katikati usiutumie, pita wa pembeni, ukivuka kizingiti bila kukikanyaga. Udi huchomwa kwenye chungu cha nje, na kijiti kimoja kinatosha. Mahekalu mengi siku hizi yanaomba hivyo kwa sababu ya moshi. Sadaka weka sandukuni. Utaona noti zimechomekwa kwenye vidole vya sanamu, usiige. Na kama dini yako haikuruhusu kuchoma udi wala kuinama, simama kimya pembeni. Hakuna atakayekuuliza.

Chakula kinahitaji tahadhari kwa Waislamu, na kwa yeyote mwenye moyo mwepesi. Migahawa ya karibu na Thiên Trù ina sifa ya kutundika nyama ya porini nje ya mlango, mzima mzima. Neno la kukuokoa ni *chay*, yaani chakula kisicho na nyama wala samaki, na linatamkwa karibu sawa na chai yetu. Ukiagiza chai, basi, utaletewa tofu na mboga. Mboga ya *rau sắng* ya milima ya huko ionje ukiipata. Aliyetaka kuswali jamaa atalazimika kurudi Hanoi, kwenye msikiti wa mtaa wa Hàng Lược uliojengwa na wafanyabiashara wa Kihindi mwishoni mwa karne ya 19. Ukiwa mtoni, jiandae kukusanya swala.

Utashawishika kununua udi wa kuchukua nyumbani. Wa vijiti nunua kijijini, uuzungushie gazeti na uuweke katikati ya nguo, maana huvunjika ukiutazama tu. Udi wenyewe, ule mti tunaoutia kwenye chetezo, ni habari nyingine: hutoka kwenye misitu ya nchi hizi, bei yake inavutia matapeli, na mti huo umo kwenye orodha ya CITES, mkataba wa kimataifa unaodhibiti biashara ya wanyama na mimea iliyo hatarini. Bila muuzaji unayemwamini na karatasi za kuonyesha uwanja wa ndege, vipande vya kando ya njia viache vilevile kwenye meza.